Fonti za bure na halali kwa Kiarabu na Kiswahili katika ukurasa mmoja

Anayeandaa kitabu cha madrasa, kadi ya nikaha, kalenda ya swala au nakala ya utenzi wa kale anahitaji hati mbili katika ukurasa mmoja: Kiarabu kinachoanzia kulia na herufi za Kilatini zinazoanzia kushoto. Mara nyingi kazi hiyo hufanyika steshenari, kwenye kompyuta iliyojaa fonti zilizonakiliwa kutoka diski ya huyu na simu ya yule, wala hakuna ajuaye zilikotoka. Kitabu kikishasambazwa, mwenye fonti akaja kudai haki yake, wa kujibu ni mchapishaji. Sheria za hakimiliki za Kenya (2001), Tanzania Bara (1999) na Zanzibar (2003) zinalinda programu za kompyuta, na faili la fonti huuzwa na kupewa leseni kama programu nyingine yoyote. Hakuna sababu ya kujitia katika hatari hiyo, maana fonti za bure zilizo halali zipo, na baadhi ni nzuri kuliko zinazoibwa.

Kwanza tutenganishe bure na halali. Tovuti nyingi hutoa fonti bila kudai senti, lakini masharti yanasema ni kwa matumizi binafsi tu. Maana yake waweza kuandikia barua nyumbani, si kuchapa kitabu cha kuuza wala bango la duka. Nyingine hazina ruhusa ya mtu yeyote: ni fonti za kulipia zilizowekwa mtandaoni na asiyezimiliki. Fonti zilizokuja na Windows, kama Traditional Arabic na Sakkal Majalla, zina hukumu yake. Kwa kawaida unaruhusiwa kuandikia na kuchapa, lakini hairuhusiwi kunakili faili lenyewe ukampa mwenzako au kuliweka kwenye tovuti yako.

Leseni ya kuitafuta inaitwa SIL Open Font License, kwa kifupi OFL. Toleo lake la 1.1 lilitolewa mwaka 2007, na ndilo linalotumika hadi leo. Inakuruhusu kuitumia fonti kwa kazi yoyote, ya biashara au ya sadaka, kuipachika ndani ya PDF, kuiweka kwenye tovuti, kumgawia rafiki, hata kuirekebisha. Makatazo ni machache: usiiuze fonti peke yake, na ukiirekebisha, toleo lako libaki chini ya leseni hiyohiyo. Baadhi ya watengenezaji huhifadhi jina pia, kwa hiyo toleo lililorekebishwa hupewa jina jingine. Kitabu ulichokiandika kwa fonti hiyo ni chako kabisa.

Mahali rahisi pa kuanzia ni Google Fonts, ambako unaweza kuchuja orodha zibaki fonti zenye hati ya Kiarabu tu. Kwa vitabu, mimi huanza na Amiri. Iliundwa na Khaled Hosny wa Misri kwa kufufua naskhi ya matbaa ya Bulaq ya Cairo, maandishi ambayo macho ya wasomaji wa vitabu vya dini yameyazoea tangu mwanzoni mwa karne ya 20. Herufi zake za Kilatini zilichukuliwa kutoka fonti huria ya Crimson, zikapimwa zilingane na Kiarabu, kwa hiyo aya ya Kiswahili yenye neno la Kiarabu katikati haionekani kama imeshonwa viraka. Kwa mabango na vichwa vya habari, Cairo ya Mohamed Gaber inasomeka vizuri kwa mbali. Noto za Google zimegawanywa kwa hati, hivyo Noto Naskh Arabic iambatanishe na Noto Serif. Shirika la SIL, lilelile lililotoa fonti ya Andika kwa wanaojifunza kusoma, lina Scheherazade New, iliyotengenezwa kwa ajili ya lugha nyingi zinazotumia hati ya Kiarabu na si Kiarabu peke yake.

Ukishapakua, usisakinishe kabla hujafungua folda. Ndani ya faili la zip la Amiri, pembeni ya fonti zenyewe, utakuta faili dogo la maandishi liitwalo OFL.txt. Mistari ya juu inataja wenye hakimiliki, kisha yanafuata masharti yote. Fonti iliyokufikia bila faili la leseni, kwa WhatsApp kwa mfano, iache hata kama jina lake unalijua, ukaichukue upya kwa watengenezaji wenyewe.

Sasa ijaribu, na hapa ndipo Waswahili wengi huumia. Fonti inaweza kukiandika Kiarabu chote bila dosari, ikashindwa na Kiswahili cha hati ya Kiarabu, kwa sababu Kiswahili kina sauti ambazo Kiarabu hakina. Tunahitaji پ ya p, چ ya ch, ڤ ya v na گ ya g, na wako wanaotumia ڠ kwa ng'. Andika چچچ bila nafasi. Zikitoka zimeshikana, ya kwanza na umbo la mwanzo na ya mwisho na mkia wake, fonti inaijua herufi hiyo. Likitoka sanduku tupu, haina. Kuna hali ya tatu inayodanganya zaidi: herufi inatokea, lakini ni nene au nyembamba kuliko jirani zake. Hapo kompyuta imeazima kutoka fonti nyingine kimyakimya, na kwa mpigachapa huenda ikapotea. Fanya hivyohivyo kwa kila herufi, kisha zitie irabu. Kama tahajia yako inatofautisha e na i kwa alif ndogo chini ya herufi, au o na u kwa dhumma iliyogeuzwa, jaribu alama hizo pia, pamoja na shadda juu yake.

Upande wa Kilatini, Kiswahili cha kawaida hakina shida zaidi ya ile ritifaa ya ng'ombe. Lakini kama kitabu kina unukuzi wa Kiarabu, andika ḥ ṣ ḍ ṭ ẓ ā ī ū, kwa wima na kwa mlazo, uone kama nukta zimekaa mahali pake.

Katika Word, usishangae umechagua Amiri na Kiarabu kikabaki na sura ya zamani. Programu hiyo hutenga fonti ya hati changamani na ya Kilatini, kwa hiyo fungua dirisha la fonti uweke Amiri sehemu zote mbili. LibreOffice nayo ina mpangilio wa namna hiyo kwenye chaguo za lugha. Katika InDesign, chagua mpangaji wa aya wa lugha za dunia, la sivyo herufi za Kiarabu zitaachana na kugeuka. Ongeza pia nafasi kati ya mistari, kwani irabu za juu na za chini zinahitaji pumzi.

Mpelekee mpigachapa PDF yenye fonti ndani yake. Ifungue kwanza, utazame sifa zake kwenye orodha ya fonti, na kila jina liwe limeandikiwa kwamba limepachikwa. Nakala ya OFL.txt iweke pamoja na mafaili ya kitabu, na jina la fonti ulitaje kwenye ukurasa wa hakimiliki.

Ukikuta herufi ya Kiswahili inakosekana au irabu imekaa vibaya, waandikie watengenezaji. Miradi ya Amiri, Noto na SIL hupokea taarifa za namna hiyo kutoka kwa mtu yeyote. Taja herufi, ambatanisha picha, na eleza inavyopaswa kuwa.