Somo: Picha za zamani, nani alishika kamera?

Lengo: kusaidia vikundi vya amani vya Butembo na Beni kuzungumza juu ya yaliyopita bila kuamsha chuki.

Kabla ya uhuru wa 1960, karibu filamu zote za Kongo zilitengenezwa na serikali ya kikoloni, makampuni na wamisionari. Nyingi zimehifadhiwa Ubelgiji. Humo tunawaona wazee wetu wakichimba, wakibeba mizigo, wakicheza ngoma. Ni mara chache kuwasikia wakisema neno.

Petna Ndaliko Katondolo, mwanzilishi wa kituo cha Yole!Africa mjini Goma, huzipanga upya picha za namna hiyo ili ziseme mengine. Filamu yake fupi ya 2020 inaitwa Kapita. Wazee wanalijua neno hilo: kapita alikuwa msimamizi mweusi aliyewaamuru weusi wenzake kwa niaba ya bwana. Jina hilo pekee linatuuliza: leo kapita ni nani?

Raoul Peck, Mhaiti aliyekulia Kongo, alitengeneza filamu juu ya Lumumba mwanzoni mwa miaka ya 1990. Alichanganya picha za habari na simulizi za mama yake. Humo anaeleza kwamba huko London aliombwa dola 3,000 kwa dakika moja ya picha. Kumbe hata kumbukumbu zetu tunauziwa!

Jambo hili linatuhusu. Raia wa Beni wameuawa kwa makundi tangu Oktoba 2014. Ebola ya 2018 hadi 2020 iliua zaidi ya watu 2,200 mashariki mwa nchi, wengi wao katika maeneo ya Beni, Butembo na jirani zake. Leo kamera iko mkononi mwetu, ndani ya simu. Video isiyo na tarehe wala mahali, ikipitishwa kutoka simu hadi simu, yaweza kumgeuza jirani kuwa adui kabla ya jua kuzama.

Zoezi la kikundi

1. Chagueni picha moja ya zamani ya mtaa, soko au kazi. Msitumie picha za maiti wala za majeruhi.
2. Itazameni kimya. Kila mmoja aseme anachokiona tu, si anachokidhani.
3. Ulizeni: nani alipiga picha hii, na kwa faida ya nani? Nani hayumo?
4. Wazee wasimulie, na vijana waandike. Simulizi zikipingana, andikeni zote.
5. Msirekodi mtu bila ruhusa yake. Akilia, simamisheni zoezi, mkae naye.

Maswali ya kujadili

- Video gani ya hivi karibuni tuliiamini bila kuuliza inatoka wapi?
- Wajukuu wetu watakapotazama picha zetu za leo, watatujua kwa lipi?

Kumbukeni: picha ni shahidi mmoja tu. Katika baraza, hakuna mzee anayekata shauri kwa kumsikiliza shahidi mmoja.