Nafasi za Kazi za Serikali: Somo Kutoka Mahakama za India

Kila mwaka vijana wengi humaliza masomo na kuomba kazi za serikali. Nafasi ni chache na waombaji ni wengi. Mwenye kukosa hujiuliza: "Je, nimekosa kwa kuwa sikufaa, au kwa kuwa mimi ni mtu wa jamaa fulani?" Swali hili limejadiliwa mahakamani nchini India kwa zaidi ya miaka 70, na mashauri yake yatufaa katika somo la uraia.

Kwanza yatupasa kutenga mambo mawili. Sifa ni masharti ambayo kila mwombaji hana budi kuyatimiza, kama vile umri, cheti, au kufaulu mtihani. Upendeleo ni kuwawekea watu wa namna fulani nafasi zao, ili wasishindanie nafasi hizo na watu wote. Basi mtu aweza kuwa na sifa zote, na bado akakosa kazi.

Katiba ya India ilianza kutumika tarehe 26 Januari, 1950. Kifungu cha 16 chasema kwamba raia wote wana haki sawa katika kuajiriwa na serikali, wala mtu asinyimwe kazi kwa sababu tu ya dini, rangi, tabaka alilozaliwa nalo, au mahali alipozaliwa. Lakini kifungu hicho hicho chairuhusu serikali kuwawekea nafasi watu wa matabaka yaliyo nyuma, ikiwa ni wachache mno katika kazi zake. Sababu ni hii: watu wa matabaka ya chini kabisa walizuiwa kwa muda mrefu wasiingie shule wala mahekalu, wala wasiteke maji katika visima vya wenzao. Ukiwashindanisha na wana wa watu waliosoma tangu zamani, mashindano hayawi sawa, ingawa karatasi ya mtihani ni moja.

Shauri la Madras

Mwaka 1949 serikali ya Madras, kusini mwa India, ilitangaza nafasi 83 za mahakimu wadogo wa wilaya. Iliwagawia watu waliokuwa wakitengwa 19, Waislamu 5, Wakristo 6, Wahindu walio nyuma 10, Wahindu wengine wasio Wabrahmin 32, na Wabrahmin 11. Mbrahmin mmoja, Venkataramana, alipata alama ambazo zingalimpa kazi kama si mgawanyo huo. Akashtaki, na mwaka 1951 Mahakama ya Juu ikampa haki.

Tazama jinsi majaji walivyoamua. Zile nafasi za waliotengwa na za Wahindu walio nyuma walizikubali, maana Katiba yaziruhusu. Zilizosalia walizikataa, maana hazikuwekwa ili kumwinua aliye nyuma, bali ziligawanywa kwa jina la dini na tabaka tu. Waliiamuru serikali ilifikiri ombi la mtu yule kwa kadiri ya sifa zake.

Upendeleo una mpaka

Baadaye ilitungwa kanuni kwamba nafasi za upendeleo zikikosa watu mwaka huu, ziongezwe katika zile za miaka inayofuata. Mara moja ikatokea kwamba nafasi 29 kati ya 45 zilikuwa za upendeleo. Katika shauri la Devadasan, mwaka 1963, Mahakama iliifuta kanuni hiyo, maana waombaji wengine hawakubakiwa na haki ya kutosha.

Sifa nazo zilishtakiwa. Katika jimbo la Kerala makarani walitakiwa kufaulu mitihani ya idara kabla ya kupandishwa cheo. Mwaka 1972 serikali iliwapa makarani wa matabaka ya chini kabisa muda zaidi wa kufaulu, na wengi wakapandishwa kabla ya kufaulu. Karani mwingine akashtaki. Mwaka 1975 wengi wa majaji waliikubali kanuni hiyo, kwani mtihani haukuondolewa. Muda tu ndio ulioongezwa.

Hukumu iliyo kubwa kuliko zote ilitolewa mwaka 1992 na majaji 9, katika shauri la Indra Sawhney. Serikali ilitaka kuyawekea matabaka mengine yaliyo nyuma nafasi 27 kwa mia, juu ya 22.5 zilizokwisha kuwekwa. Jumla ni 49.5. Mahakama ilikubali, ikasema kwamba upendeleo usizidi nusu ila kwa sababu isiyo ya kawaida, na kwamba waliokwisha kuendelea katika matabaka hayo wasihesabiwe tena. Hata hivyo mabishano hayakwisha. Mwaka 2019 Katiba ilibadilishwa ili maskini wa matabaka mengine nao wapewe nafasi 10 kwa mia, na mwaka 2022 majaji 3 kati ya 5 waliyakubali mabadiliko hayo.

Twajifunza nini? Upendeleo wenye haki una sababu inayoweza kuelezwa mbele ya hakimu, una kipimo, na humfikia mhitaji mwenyewe. Usipokuwa na mambo hayo matatu, huwa ni ukabila uliovikwa nguo ya sheria. Yafaa tuyakumbuke, maana baadhi yetu tutaomba kazi, na wengine watakuwa ndio wachaguzi.

Maswali

1. Eleza tofauti ya sifa na upendeleo.
2. Kwa nini majaji hawakuufuta mgawanyo wote wa Madras?
3. Je, mwana wa tajiri katika tabaka lililo nyuma astahili kuwekewa nafasi? Toa sababu zako.