Somo: Kusimamisha na Kuanzisha Upya Programu Kwenye Bodi ya Arduino



Vijana wengi wanaosoma ufundi siku hizi hujifunza kutumia bodi ndogo ya Arduino Uno. Bodi hii huweza kupima unyevu wa udongo na, kwa kupitia rilei, kuwasha pampu ya kumwagilia bustani. Swali linalojitokeza ni hili: programu ikishaanza, inasimamishwaje? Pampu isiyosimama kwa wakati humaliza maji ya tangi, huungua, au humjeruhi mtu.

Kwanza tuelewe inavyofanya kazi. Kompyuta ya mezani ina mfumo endeshi unaoweza kufunga programu. Arduino Uno haina. Programu yake hukaa katika kumbukumbu ya kudumu yenye kilobaiti 32. Umeme ukiingia, sehemu iitwayo setup hufanyika mara moja, kisha sehemu iitwayo loop hurudiwa bila kikomo.

Zipo njia nne:

1. Kubonyeza kitufe cha reset. Kitufe hiki hakifuti programu. Huianzisha upya tangu mwanzo, na hesabu zilizokuwa katika kumbukumbu ya muda hupotea.

2. Kukata umeme wa bodi. Programu husimama, lakini umeme ukirudi huanza yenyewe.

3. Kupakia programu tupu, yaani yenye setup na loop zisizo na amri ndani. Programu mpya huchukua nafasi ya ile ya zamani.

4. Kuandika amri ya kusimama ndani ya programu. Zima pampu kwanza, ndipo uandike while(true); ili programu ibaki pale pale. Ukisahau kuizima, pampu itaendelea, maana pini hubaki katika hali iliyoachwa nayo.

Kwa programu inayokwama yenyewe, chipu ya ATmega328P iliyo kwenye bodi ina kipima muda cha ulinzi. Programu isipokipa taarifa katika muda uliowekwa, ambao unaweza kufika sekunde 8 hivi, bodi huanzishwa upya.

Jambo kuu la kukumbuka: kuanzisha upya si kuzima. Anayebonyeza reset kisha akaingiza mkono kwenye pampu yuko hatarini, kwa kuwa programu inaweza kuiwasha tena mara moja. Kwa hiyo, weka swichi ya mkono inayokata umeme wa pampu yenyewe, mahali ambapo kila mwanakikundi anaifikia. Tena, andika setup ianze kwa kuzima pampu na kusubiri mtu abonyeze kitufe cha kuanza. Hivyo umeme ukikatika na kurudi usiku, pampu haitajiwasha.

Kulinda uhai wa mwenzetu na mali ya kikundi ni sehemu ya uwakili tuliopewa.

Maswali ya kujadili

1. Umeme ukirudi ghafla, mashine yenu itafanya nini?
2. Swichi ya kukata umeme wa pampu iko wapi, na ni nani wanaoijua?