Kila Msomaji na Kitabu Chake: Somo la Kumchagulia Mtu Kitabu



Ndugu msomaji, likizo iliyopita nilikabidhiwa ufunguo wa kabati. Ni kabati la vitabu lililomo katika chumba kidogo kando ya msikiti wa mtaani kwetu, hapa Kampala. Imamu aliniambia, "Wewe uko chuo kikuu, utajua nani asome nini." Nilipokea ufunguo bila wasiwasi wowote.

Siku ya pili alikuja mtoto wa miaka 12 akasema anataka kitabu. Sikumuuliza neno. Nilimpa *Kusadikika* cha Shaaban Robert, kwa kuwa mimi mwenyewe nilikisoma nikakipenda. Baada ya siku mbili alikirudisha, akakiweka mezani kwa mikono miwili, akasema, "Asante, kaka," akaondoka. Wiki tatu zikapita. Kila jioni nilimwona uwanjani akicheza mpira, lakini kabatini hakuja tena.

Nilikwenda kwa mkutubi wa maktaba moja ya umma, mama mtu mzima aliyeifanya kazi hiyo miaka mingi, nikamweleza. Akaniuliza swali moja tu: "Huyo mtoto alikuambia anapenda nini?" Sikuwa na jibu. Kosa halikuwa la mtoto, wala la Shaaban Robert. Lilikuwa langu.

Somo hili ni mambo niliyojifunza kwa mama yule na kwa kusoma baada ya hapo. Naliandika kwa sababu wengi wetu tukirudi nyumbani hugeuzwa wakutubi bila kuombwa. Mdogo wako atauliza asome nini. Shangazi atataka kitabu cha mwanawe. Ukikosea, hupotezi kitabu kimoja tu, unaweza kumpoteza msomaji.

1. Kazi ya mkutubi ni nini?

Wengi wetu tunamjua mkutubi kama mtu wa kugonga muhuri, kudai vitabu vilivyochelewa na kutuambia tunyamaze. Hiyo ni sehemu ndogo ya kazi yake.

Mwaka 1924 mwalimu wa hisabati aitwaye S. R. Ranganathan aliteuliwa kuwa mkutubi wa Chuo Kikuu cha Madras, India. Mwaka 1931 alichapisha kitabu chenye kanuni tano ambazo hadi leo hufundishwa kwa wanaosomea ukutubi. Kwa maneno yetu ni hizi: vitabu ni vya kutumiwa, kila msomaji ana kitabu chake, kila kitabu kina msomaji wake, okoa muda wa msomaji, na maktaba ni kiumbe kinachokua.

Tazama kanuni ya pili na ya tatu. Ya pili inasema yule mtoto wa mpira anacho kitabu chake mahali fulani, na ni juu ya mkutubi kukitafuta. Ya tatu inasema *Kusadikika* nacho kina msomaji wake, ila hakuwa yule niliyempa. Mkutubi husimama katikati ya hao wawili na kuwakutanisha.

Wala kazi hii si ngeni katika historia ya Waislamu. Ibn al-Nadim alikuwa muuza vitabu wa Baghdad. Mwaka 377 Hijria, sawa na mwaka 987 hivi Miladia, aliandika *al-Fihrist*, orodha kubwa ya vitabu vya Kiarabu vilivyojulikana zama zake, akaigawa katika sehemu kumi. Humo mna vitabu vya lugha, Qur'ani, fiqhi, mashairi, falsafa na tiba. Lakini sehemu ya nane aliitengea pia ngano na visa vya kusimuliana usiku. Mtu wa elimu kama yeye hakuona aibu kuandika kwamba vitabu vya kuburudisha navyo vipo na vina wasomaji. Nasi tusimdharau anayeomba hadithi.

2. Anza na msomaji, si na rafu

Namba iliyo mgongoni mwa kitabu hukuambia kitabu kinahusu nini. Katika mpangilio wa Dewey, uliotoka mara ya kwanza mwaka 1876, Uislamu uko 297 na fasihi inaanzia 800. Lakini namba haikuambii kitabu kinamfaa nani. Hilo hulijui mpaka uulize.

Mama mkutubi alinifundisha maswali manne.

*La kwanza:* "Niambie kitabu au hadithi uliyoipenda." Usiulize, "Unapenda vitabu gani?" Mtu asiyesoma sana hana jibu la swali hilo, naye ataona aibu. Akisema hajawahi kupenda kitabu, muulize filamu, mchezo wa redio, au kisa alichosimuliwa na bibi yake.

*La pili:* "Ulipenda nini ndani yake?" Hapa ndipo penye siri. Watu wawili wanaweza kupenda hadithi moja kwa sababu mbili tofauti.

*La tatu:* "Unasoma kwa raha zaidi kwa lugha gani?" Hapa Uganda mtoto anaweza kusoma Kiingereza shuleni, kuongea Kiganda nyumbani na kusikia Kiswahili kwa baba yake. Ukimpa kitabu kizuri kwa lugha inayomchosha, umempa mzigo.

*La nne:* "Leo unataka kitabu cha namna gani, chepesi au cha kufikirisha?" Hata profesa hutaka kitabu chepesi siku ambayo amechoka.

3. Milango minne

Jibu la swali la pili tulifanyie nini? Nancy Pearl, mkutubi wa Seattle, Marekani, aliyejulikana sana kwa kupendekeza vitabu, anasema msomaji huingia kitabuni kwa mlango mmoja kati ya minne: kisa, wahusika, mahali na lugha. Tuipime kwa vitabu tunavyovijua.

Anayeingia kwa kisa hutaka kujua nini kitafuata. Mpe *Mzimu wa Watu wa Kale* cha Muhammad Said Abdulla, ambamo Bwana Msa anachunguza mauaji huko Unguja.

Anayeingia kwa wahusika hutaka kuishi na mtu. Mpe *Peponi* cha Abdulrazak Gurnah, aliyepata Tuzo ya Nobel mwaka 2021. Atafuatana na Yusuf, kijana anayetolewa na wazazi wake kwa mfanyabiashara kwa sababu ya deni la baba. Kitabu kilitoka kwa Kiingereza mwaka 1994, na tafsiri ya Kiswahili ni ya Ida Hadjivayanis.

Anayeingia kwa mahali hutaka kupelekwa. *Kuli* cha Adam Shafi kitamfikisha bandarini Zanzibar, kwenye jasho na mgomo wa wachukuzi. Akipenda kijiji cha Buganda, kuna *Kalasanda* cha Barbara Kimenye, cha mwaka 1965.

Anayeingia kwa lugha husoma sentensi moja mara mbili kwa utamu wake. Huyu ndiye msomaji wa *Kusadikika*. Huyu pia ndiye wa *Song of Lawino* cha Okot p'Bitek wa hapa Uganda, kilichotoka mwaka 1966.

Mtoto wangu wa mpira alikuwa wa mlango wa kisa, nami nilimsukuma kwenye mlango wa lugha.

4. Kila umri na haki yake

*Wasiojua kusoma bado.* Mtoto mdogo anasomewa. Mpe mzazi kitabu cha picha kubwa na maneno yanayojirudia, umwambie asichoke kurudia kitabu kimoja mara kumi. Kurudia ndiko kunakomfundisha mtoto.

*Wanaoanza kusoma.* Fungua ukurasa mmoja, mtoto asome kwa sauti, akunje kidole kila akikwama kwenye neno. Vidole vitano vikiisha kabla ya ukurasa, kitabu hicho ni kigumu kwake kwa sasa. Asikitupe, asomewe.

*Miaka 9 hadi 13.* Huu ndio umri ambao wengi huacha kusoma au hunasa moja kwa moja. Wape visa vifupi, vichekesho na vitabu vya mfululizo, maana anayekipenda cha kwanza hukijia cha pili mwenyewe. *Hekaya za Abunuwasi* zimewachekesha watoto wa vizazi vingi. Kwa Kiingereza, vitabu vya Moses vya Barbara Kimenye, vilivyoanza miaka ya 1960, vinasimulia vituko vya mvulana wa shule ya bweni.

*Vijana.* Wanataka vitabu visivyowahubiria. Mwaka 1990 mwanazuoni wa Marekani, Rudine Sims Bishop, aliandika kwamba kitabu kinaweza kuwa kioo, ambamo mtoto anajiona, au dirisha, ambamo anawaona wengine. Binti anayevaa hijabu katika darasa ambamo yuko peke yake anahitaji kioo. Lakini usimpe vioo vitupu, naye ana haki ya kuona dunia.

*Watu wazima waliochelewa kusoma.* Hawa wanahitaji sentensi fupi, lakini si hadithi za sungura na fisi. Mtu mwenye wajukuu hataki kufanywa mtoto. Wasifu mfupi, afya, kilimo na biashara ndogo huwafaa.

*Wazee.* Muulize kwa upole kuhusu macho. Maandishi makubwa na kitabu chepesi mkononi ni muhimu kuliko umaarufu wa mwandishi. Kama macho yamegoma, mtafutie kijana wa kumsomea.

5. Adabu za anayependekeza

1. Toa vitabu viwili au vitatu, si kimoja. Ukitoa kimoja umeamuru, ukitoa vitatu umeshauri.

2. Sema kwa nini. "Umesema unapenda upelelezi, humu mna mauaji na mtuhumiwa si unayemdhani." Maneno hayo yanatosha. Usimalize kisa chote.

3. Usijifanye umesoma usichosoma. Sema, "Sijakisoma, ila wanaopenda hiki wamekipenda na kile."

4. Mpe ruhusa ya kuacha. Nancy Pearl ana kanuni yake: soma kurasa 50, zisipokuvutia weka chini. Aliyepita miaka 50 atoe umri wake kwenye 100, kinachobaki ndiyo idadi ya kurasa. Mzee wa miaka 70 anadaiwa kurasa 30 tu. Kanuni hii ni ya vitabu vya kujisomea, ndugu zangu, si vya mtihani!

5. Tunza siri. Mtu akiazima kitabu kuhusu ugonjwa, talaka au madeni, jambo hilo liishie kwako. Ukilitaja barazani, hatakuja tena, na aliyesikia naye hatakuja.

6. Usicheke chaguo la mtu.

6. Yaliyotokea kabatini

Adabu ya tano na ya sita nilizihitaji mapema kuliko nilivyotarajia. Alasiri moja alikuja Hajjati mmoja wa jirani akasema anatafuta kitabu cha mjukuu wake. Nilimuuliza mjukuu ana umri gani, akasitasita. Nikamuuliza mjukuu anapenda nini. Akasema, "Anapenda taarabu za zamani."

Nikaelewa. Sikumwambia kwamba nimeelewa. Nilimletea *Wasifu wa Siti Binti Saad*, ambamo Shaaban Robert anasimulia maisha ya mwimbaji wa Zanzibar aliyetoka katika ufukara hadi sauti yake ikatiwa kwenye sahani za santuri. Nikasema, "Hajjati, mjukuu akishindwa na neno lolote, mwambie aje tulisome pamoja." Akakifunga ndani ya mtandio akaondoka.

Baada ya siku nne alirudi, akafungua ukurasa, akaweka kidole juu ya neno. "Mwanangu," akasema, "mjukuu ameshindwa hapa." Tukalisoma. Alikuja hivyo hivyo mpaka likizo ikaisha, na habari ya mjukuu hatukuigusa.

Na yule mtoto? Nilimfuata uwanjani, nikamwomba radhi kwa kutomuuliza. Aliniambia anapenda visa vya wajanja wanaowashinda wakubwa. Nilimpa Abunuwasi na kitabu kimoja cha Moses, achague. Alivichukua vyote viwili. Kama atakuwa msomaji mkubwa, Allah ndiye ajuaye. Ninachojua ni kwamba alirudi na rafiki zake wawili, nao wote walianza kwa kuuliza kama na wao wataulizwa wanapenda nini.

Kazi ya kikundi

Kabla hatujafunga muhula, kaeni watu wanne wanne mfanye haya:

- Kila mmoja ataje kitabu alichokipenda na mlango alioingilia kati ya ile minne.
- Mmoja awe msomaji na mwingine mkutubi. Mkutubi asitaje kitabu chochote kabla ya kuuliza maswali yote manne. Kisha badilishaneni.
- Andikeni orodha ya vitabu vitano kwa mtu mmoja halisi wa nyumbani kwenu: mdogo wako, mama yako au jirani. Kila kitabu kiwe na sentensi moja ya kueleza kwa nini kinamfaa yeye.

Orodha hiyo usiiache daftarini. Nenda nayo nyumbani, umuulize mwenyewe kama umepatia, na kama umekosea mwombe akusahihishe.