Kabla ya Kamera, Kaa Kwenye Uhariri

Wadogo zangu, swali lenu nimelisikia, ingawa mnalizungusha: "Dada, napenda filamu ila kuigiza siwezi, na nyuma ya kamera wanasema ni kwa wanaume."

Hilo la wanaume tulimalize haraka. Thelma Schoonmaker amekuwa akihariri filamu za Martin Scorsese tangu Raging Bull ya mwaka 1980, na tuzo za Oscar anazo 3. Kwenye kamera mlango ulichelewa kufunguka: Rachel Morrison ndiye mwanamke wa kwanza kuteuliwa kuwania Oscar ya upigaji picha, mwaka 2018, kwa Mudbound. Na Supa Modo ya Kenya, ile ya mtoto Jo iliyowaliza wengi, mhariri wake ni Charity Kuria.

Sasa ushauri wangu, na najua wapiga kamera watanibishia: anza na uhariri. Ukikaa na kazi iliyopigwa na mwingine utaona mapengo yote. Picha nzuri, lakini imekatishwa kabla mtu hajamaliza kugeuka. Kikombe kiko mkono wa kulia, picha inayofuata kimehamia kushoto. Msemaji amepigwa pande zote, anayemsikiliza hakupigwa hata mara moja, kwa hiyo huna pa kukatia maneno yake. Ukija kushika kamera baada ya mateso hayo, wewe mwenyewe utaiacha iendelee sekunde chache baada ya tukio kuisha, na utarekodi nusu dakika ya ukimya wa chumba. Mwigizaji atakushangaa. Mwache, ukimya huo ndio utakaozibia sauti zinazoruka.

Programu isikutishe. DaVinci Resolve ina toleo la bure linalotosha kabisa kujifunzia, shida ni kwamba inataka kompyuta yenye nguvu. Huna? Hariri kwa simu kwanza.

Na video za harusi msizidharau (wanaozicheka wengi wao wamelipiwa kodi na harusi hizohizo). Bibi harusi haingii ukumbini mara mbili. Utapambana na taa za rangi zinazobadilisha nyuso, MC aliyesimama mbele ya lenzi, na sauti ya spika inayokwaruza, na bado Jumatatu wanataka kuona kitu. Kadi usiifute mpaka kazi iwe imenakiliwa sehemu mbili tofauti.

Malipo yaandikwe, hata kwa ujumbe wa simu: unalipwa kiasi gani kabla ya kuanza, marekebisho ni mara ngapi, na jina lako litatokea mwishoni au la. Anayekuambia "fanya hii bure, utajulikana" muulize kama na mwenye jenereta naye atajulikana.

Kwa mabinti nina nyongeza. Kazi za usiku zinakwisha saa nane, saa tisa. Kabla ya kukubali, uliza nani anakurudisha nyumbani na kwa usafiri gani. Mtayarishaji akikasirishwa na swali hilo, mwachie kamera yake.