Mifupa ya Mtu: Inavyotambulisha Jinsi, na Inapofikia Kikomo

Mwaka 1878 Hjalmar Stolpe alifukua kaburi katika mji wa kale wa Birka, Uswidi. Ndani mlikuwa na upanga, shoka, mishale, ngao mbili, farasi wawili na kete za mchezo. Kwa kuona silaha tu, likahesabiwa kuwa kaburi la mwanamume. Uchunguzi wa mifupa wa miaka ya 1970 ulidokeza kuwa ni mwanamke, lakini haukutiliwa maanani. Mwaka 2017 vinasaba vilithibitisha: kromosomu mbili za X, wala hakuna Y.

Mtaalamu huangalia wapi?

*Nyonga* ndiyo shahidi wa kwanza. Ya mwanamke kwa kawaida ina uwazi mpana, na pembe iliyo chini ya kinena imepanuka. Ya mwanamume imebana.

*Fuvu* hufuata: matuta juu ya macho, taya, na kifundo cha mfupa nyuma ya sikio, ambavyo kwa wanaume huwa vikubwa zaidi. Tahadhari: maumbile haya hutofautiana baina ya jamii na jamii.

*Meno* husaidia mifupa inapokuwa imeoza, au marehemu akiwa mtoto, kwani kabla ya kubalehe nyonga haijatofautiana vya kutosha. Tabaka gumu la nje la jino huhifadhi protini ambayo aina yake ya kromosomu Y hupatikana kwa wanaume.

Hata hivyo, majibu hutolewa kwa ngazi: mwanamke, yaelekea mwanamke, haijulikani, yaelekea mwanamume, mwanamume.

Yasiyosomeka kwenye mfupa

Mfupa hausemi mtu alijionaje, wala jamii ilimpa nafasi gani. Hayo hukisiwa kutokana na mavazi, vifaa na namna ya kuzikwa. Kule Modena, Italia, mifupa ya watu wawili walioshikana mikono ilipewa jina la "wapenzi", wakidhaniwa mume na mke. Mwaka 2019 meno yao yalionyesha wote ni wanaume. Kama walikuwa ndugu, askari wenza au wapenzi, meno hayajui. Nako Suontaka, Finland, mtu aliyezikwa na upanga pamoja na mavazi ya kike alionekana, katika utafiti wa 2021, yaelekea alikuwa na kromosomu XXY.

Ukisoma habari za aina hii, uliza:

- Kimepimwa nini: nyonga, fuvu, meno au vinasaba?
- Marehemu alikuwa mtu mzima au mtoto?
- Hitimisho limetoka mwilini, au kwenye vitu alivyozikwa navyo?

Ukikuta mifupa ya mtu shambani au kwenye msingi wa nyumba, simamisha kazi, usiiokote wala kuiosha, na toa taarifa polisi au kwa uongozi wa mtaa. Nyonga huvunjika upesi kwa jembe, na ikishavunjika, swali la jinsi huwa gumu maradufu.