Somo la Sheria: Shahidi, Mshtakiwa na Haki ya Kutojitia Hatiani



Katika mikutano yetu ya polisi jamii hapa Busia, lipo swali ambalo huulizwa mara kwa mara, na aghalabu huulizwa pembeni, baada ya mkutano, kwa sauti ya chini: "Afande, nikisema niliyoyaona, je, sitajifunga mwenyewe?" Somo la toleo hili linajibu swali hilo.

Tuchukue mfano wa kubuni. Kijana wa bodaboda anavuka usiku kwa njia ya panya, amebeba mifuko ya sukari isiyolipiwa ushuru. Njiani anawaona watu wawili wakimpiga mbadilisha fedha na kumpora. Anamtambua mmoja wao. Siku ya pili majeruhi anafariki dunia. Kijana huyu ndiye shahidi pekee, lakini anajua kwamba mahakamani ataulizwa: "Ulikuwa ukifanya nini mahali pale saa nane za usiku?" Kwa hiyo ananyamaza, na muuaji anaendelea kupita sokoni kama mtu mwema.

Ili tumsaidie kijana huyu, yatupasa kwanza kutofautisha watu wawili ambao wengi huwachanganya.

Wa kwanza ni mshtakiwa. Katiba ya Uganda ya mwaka 1995, ibara ya 28, inasema kwamba mtu anayeshtakiwa kwa kosa la jinai hahesabiwi kuwa na hatia mpaka ithibitike au akiri mwenyewe. Ibara hiyo hiyo inakataza kumlazimisha yeye, au mume au mke wake, kutoa ushahidi dhidi yake. Mshtakiwa akiamua kunyamaza, ni haki yake. Mzigo wa kuthibitisha kosa ni wa upande wa mashtaka.

Wa pili ni shahidi. Huyu hashtakiwi, ameitwa ili aisaidie mahakama kuujua ukweli. Shahidi hana ruhusa ya kukataa swali linalohusu kesi kwa sababu tu jibu lake litamtia hatiani. Mahakama yaweza kumlazimisha ajibu. Lakini sheria haikumwacha mikono mitupu. Sheria ya Ushahidi inaeleza kwamba jibu ambalo shahidi amelazimishwa kulitoa halitakuwa sababu ya kumkamata wala kumshtaki, wala halitatumiwa kuwa ushahidi dhidi yake katika kesi ya jinai. Hiyo ndiyo kinga ya shahidi. Kwa ufupi, mshtakiwa hulindwa na ukimya wake, na shahidi hulindwa anapojibu.

Hata hivyo, kinga hii ina mipaka mitatu, na ni wajibu wetu kuieleza bila kuficha.

Kwanza, haimlindi mwongo. Anayedanganya chini ya kiapo aweza kushtakiwa kwa jibu lile lile, na adhabu yaweza kufika kifungo cha miaka 7. Njia ya mwongo ni fupi.

Pili, kinga hufunika jibu, haifuniki kosa. Ikiwa sukari ile ilikwisha kukamatwa na maofisa wa forodha, ushahidi wao wenyewe haufutwi na maneno ya kijana mahakamani.

Tatu, kinga ni ya jibu la kulazimishwa. Kwa hiyo shahidi anayeona swali linamwelekeza kwenye kosa lake asikimbilie kujibu. Amweleze hakimu kwa heshima kwamba jibu laweza kumtia hatiani, kisha asubiri amri ya mahakama. Aidha, asidhani kwamba maelezo anayoyatoa kwa hiari kituoni yana kinga hiyo hiyo. Mwenye wasiwasi wa namna hii na aonane na wakili kabla ya kuandikisha maelezo.

Sasa tuseme kijana mwenyewe amekamatwa. Katiba, ibara ya 23, inataka aelezwe sababu ya kukamatwa kwa lugha anayoifahamu, aelezwe pia haki yake ya kuwa na wakili, na afikishwe mahakamani kabla ya saa 48 kupita. Ungamo la mtu aliye mikononi mwa polisi halipokelewi mahakamani isipokuwa limetolewa mbele ya hakimu, au mbele ya afisa wa polisi mwenye cheo kisichopungua mkaguzi msaidizi. Ungamo lililopatikana kwa kipigo, vitisho au ahadi za kumrubuni mtu laweza kukataliwa.

Hapo pana onyo linalotuhusu sisi wenye sare. Askari akikuambia, "Sema yote, nami nitahakikisha hushtakiwi," fahamu kwamba anaahidi kitu kisicho chake. Uamuzi wa kuendesha mashtaka au kuyasitisha umewekwa na Katiba, ibara ya 120, mikononi mwa Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma.

Jirani zetu wa Kenya wana kanuni zinazofanana na hizi, kwa kuwa sheria za ushahidi za nchi zetu zote mbili zilifuata kielelezo cha Sheria ya Ushahidi ya India ya mwaka 1872. Nao shahidi wao hulazimika kujibu, na jibu lake la kulazimishwa hupewa kinga. Tofauti moja ya kukumbuka ni hii: Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, ibara ya 49, inataka aliyekamatwa afikishwe mahakamani ndani ya saa 24, ikiwa mahakama iko wazi, na inataja waziwazi haki yake ya kunyamaza.

Turudi kwa kijana wetu. Hatuwezi kumwambia kwamba sukari yake itasahauliwa. Twaweza kumwambia kwamba sheria haikumweka katika mtego anaoudhani, na kwamba wakili aweza kumwonyesha njia ya kusema kweli kwa usalama. Ushuru wa sukari hulipika. Uhai wa mtu haulipiki, na familia ya marehemu ingali inangoja mtu mmoja aseme alichokiona.

Maswali ya kujadiliana kijijini:
1. Mke wa mshtakiwa ameambiwa ni lazima atoe ushahidi dhidi ya mumewe. Je, ni sahihi?
2. Shahidi afanye nini kabla ya kujibu swali linaloweza kumtia hatiani?
3. Ni nani asiye na mamlaka ya kukuahidi kwamba hutashtakiwa?